Nataka Shikamoo Yangu Irudishwe

Mpendwa mshauri,

Nimekuita mpendwa kwa sababu naona wote wanaokuandikia wanaanza hivyo, lakini mimi sikujui, na kwa picha yako hapo juu ya ukurasa naona wewe ni mtoto wa juzi tu, hata kitambaa cha kichwa hujajua kukifunga kikakaa sawa, basi sijui utanifundisha nini, ila mke wa mwanangu amesema niandike na nimechoka kubishana naye, kwa hiyo naomba msaada, na nasema mapema kabisa kwamba mimi sina kosa, nataka tu uniambie mwenye kosa atarekebishwa vipi.

Mimi ni fundi wa magodoro ya pamba. Shule niliishia darasa la tatu na sioni nilichokikosa huko, kwa sababu hao waliosoma mpaka macho yakaharibika ndio wanaokuja kulala kwenye magodoro yangu. Naishi na mwanangu wa kiume, mkewe na watoto wao, hatua chache kutoka darajani, huku upande wa pole. Kama gazeti lako linasomwa na wageni wasiojua mambo yetu, basi wajue kwamba wiki moja ya huku kwetu ni mwaka mzima wa kule ng'ambo, upande wa mbio, na sisi tumeshazoea. Mashuka yangu nawapa madobi wa kule asubuhi, na yanarudi yamefuliwa, yamekauka, yamepigwa pasi na kukunjwa kabla chai yangu haijapoa, na sijawahi kuona tatizo lolote katika mpango huo.

Tatizo ni binti yangu, kitindamimba. Mwaka jana, akiwa na miaka ishirini na saba, aliolewa na msimamizi wa madobi wa ng'ambo, nami nikasema sawa, ni hapo tu, nikiinua kichwa naliona daraja, atakuja kunisalimia kila siku. Akaja. Lakini kuja gani huko, mshauri! Hakai. Anasimama mlangoni na mkoba begani kama mtu aliyekuja kusoma mita ya umeme, nikimwambia kaa unywe chai anasema Mama siwezi, kikombe kimoja cha chai yako ni siku nzima nyumbani kwangu, nikimwambia basi vua hata viatu anasema Mama nimekuja kukuona tu, nimekuona, nashukuru u mzima, kwaheri. Majirani wanatazama. Wanajiuliza nimemfanya nini mtoto wangu mwenyewe hata asiweze kukaa kwenye kiti changu.

Nikavumilia wiki saba. Mara ya mwisho alikuja mchana, akasema ana robo saa tu, mumewe amesafiri, mtoto wake wa miaka minne amemwacha kwa jirani na amemwahidi atarudi kabla ya kulala. Mimi nilikuwa napika tangu asubuhi. Nikamwomba avue viatu angalau avuke sebule aone kitanda changu kipya, akavua, akaingia chumbani, nami nikavichukua vile viatu nikavitia ndani ya godoro nililokuwa nalijaza pamba, nikarudi nikaketi zangu. Ni utani, mshauri. Mama hawezi kufanya utani na mwanawe? Akavitafuta chini ya viti, chini ya kitanda, nyuma ya mlango, mpaka jikoni. Nikamwambia vitaonekana ukishakula. Akala, lakini ukimwona anavyokula ungedhani namlisha mchanga, na chakula kilichelewa kidogo kwa sababu mkaa ulikuwa na unyevu, kisha nikasema asubiri matunda, na kwa jumla ilikuwa saa tatu, saa tatu tu, mtu na mama yake.

Nilipompa viatu alivivaa bila hata kukung'uta pamba, akanitazama, akaniambia mbele ya mke wa mwanangu, "Mama, unanila maisha."

Mimi! Niliyempa hayo maisha, ndiye ninayeyala!

Nikamwambia, "Toka, na usikanyage hapa mpaka siku utakayokuja kuniomba radhi kwa magoti." Akatoka mbio. Nami nikanuna. Mimi nikinuna nanuna, hata marehemu mume wangu alijua, aliwahi kula kwa dada yake miezi minne kwa sababu ya neno moja alilosema juu ya mchuzi. Na kanuni yangu ni moja, haijabadilika tangu nipate akili: mdogo ndiye anayemfuata mkubwa. Mkubwa hamfuati mdogo. Watu wakisikia nimemfuata mtoto niliyemzaa, kesho hata wajukuu watataka niwapigie hodi.

Baada ya wiki mbili alikuja. Nikamwambia mke wa mwanangu, "Mwambie nimelala." Ilikuwa saa nne asubuhi. Akaacha salamu akaenda. Baada ya miezi kama mitano akaja tena, nilimwona kupitia dirishani, mvi zimeshamwingia mbele hapa, nikasema hizo mvi si zangu, mwambie nimelala. Barua nazo zilikuwa zinakuja, mwanzo nne kwa wiki, nikasema huyu anadhani ataniharakisha, baadaye moja moja. Sikufungua hata moja. Nimezishonea ndani ya godoro langu mwenyewe, upande wa miguuni, kwa hiyo usiseme nilizitupa, mimi si mtu wa kutupa vitu. Mke wa mwanangu akawa ananiambia kila Jumamosi, "Mama, mwaka mwingine huo umepita," nami namjibu, "Umepita kwako? Umepita kwangu? Basi nyamaza uchambue pamba." Kwenda kule mwenyewe siwezi, kule watu wanazeeka haraka, nitarudi na makunyanzi ambayo sikuyafanyia kazi.

Sasa ndiyo nafika kwenye jambo lenyewe.

Alhamisi iliyopita niko ndani napima kitambaa, mke wa mwanangu akaniita, "Mama, kuna bibi mmoja mlangoni, ana mkongojo." Nikajua ni mteja, wazee ndio wanaojua thamani ya godoro la pamba. Nikatoka. Nikamkuta mama wa watu amejikunja, nywele nyeupe pe, macho madogo yenye maji. Mimi nimelelewa vizuri, mshauri. Mtu mzima nikimwona mdomo wangu haungoji. Nikasema, "Shikamoo mama, karibu, unataka la ukubwa gani?"

Akasema, "Marahaba."

Kisha akacheka huku ameziba mdomo kwa kiganja, na hapo nikamjua, kwa sababu ni mtoto mmoja tu duniani anayecheka hivyo, alikuwa anaona aibu alipong'oka meno ya mbele.

Akasema, "Mama, ni mimi. Leo nimekuja kukaa."

Nikamwambia, "Umeitikia marahaba."

"Imenitoka tu, Mama. Siku hizi kila mtu ananiamkia."

"Umeipokea shikamoo yangu. Mimi, mama yako mzazi, nimekuamkia, na wewe ukaipokea."

"Nisamehe. Niwekee chai. Mwenzangu alishafariki, watoto wana nyumba zao, hakuna anayenisubiri. Leo nitakunywa hata vikombe vitatu."

"Irudishe kwanza."

"Nairudishaje, Mama?"

Nikafunga mlango. Ningefanya nini? Mke wa mwanangu akaanza kulia, "Mama, fungua, huyo ni mtu mzima amesimama," nikamwambia mimi ndiye niliyemfanya huyo kuwa mtu. Nikachungulia kwenye pazia, si kwamba namjali, nilitaka kuhakikisha haegemei ukuta, nimeupaka chokaa juzi. Hakuegemea. Alikaa juu ya godoro la mteja nililoliacha barazani, halijashonwa kingo, akakaa dakika ishirini nzima mikono mapajani, akitazama mlango. Halafu akainuka kwa shida akaenda zake pole pole kuelekea darajani. Ameacha shimo katikati ya lile godoro na mpaka leo sijaligusa, sijui kwa nini, kazi zimenizidi.

Sasa mshauri, mimi nina miaka hamsini na minane, na yeye kwa hesabu za kule ana sabini na tatu. Nataka kujua, shikamoo inafuata tumbo au inafuata mvi? Aliyeipokea isivyo haki anaweza kulazimishwa kuirudisha, na mbele ya nani? Na kwa kuwa sasa yeye ndiye mtu mzima kuliko mimi, si alipaswa kuonyesha busara, anibembeleze zaidi kidogo pale mlangoni, badala ya kuondoka? Mke wa mwanangu hali vizuri tangu siku hiyo na mwanangu hanisemeshi, anagonga tu nyundo kwenye vitanda anavyotengeneza.

Nijibu katika toleo lijalo, au hata lile la baadaye. Mimi sina haraka.

Fundi wa magodoro, nyumba yenye chokaa mpya, barabara ya darajani

*

MSHAURI ANAJIBU

Shikamoo bibi.

Hiyo ni yako, nakupa kwa moyo mmoja. Kitambaa changu nitakifunga vizuri siku nyingine, leo hakuna nafasi.

Nianze na pole, kwa sababu unastahili pole ingawa hukuiomba. Mtu uliyemfunga mgongoni akija mlangoni kwako na mkongojo, kichwa hakiwezi kulimeza jambo hilo, basi kinatafuta kitu kidogo cha kukasirikia ili kisitazame kile kikubwa. Wewe ulikiona chenyewe pale alipocheka, halafu ukakimbilia "marahaba". Naelewa. Lakini kuelewa si kukubali, na sasa nakugombeza.

Ulificha viatu vya mama ambaye mtoto wake wa miaka minne alikuwa anamsubiri kwa jirani. Saa tatu zako za utani ni siku sita na nusu za yule mtoto. Siku sita na nusu, bibi! Umeniandikia kurasa nne, umenieleza habari za mkaa wenye unyevu, za matunda na za chokaa, na hakuna mahali hata pamoja ulipouliza yule mtoto alilia siku ngapi, nani alimlisha, na kama jirani hakuwa ameshaenda kuripoti kwamba mama yake amepotea. Huyo ni mjukuu wako. Sasa ana miaka arobaini na mitatu. Mwanao alisema unamla maisha, ukaona ametukana. Alikuwa anakutajia saa.

Na unasema mpango wa mashuka hauna tatizo. Unajua vizuri kabisa kwamba siku nzima ya kule inaenea ndani ya kikombe chako cha chai. Hesabu hiyo unaiweza mashuka yanapokuwa yako. Ilikushinda ilipokuwa ya binti yako.

Tuje kwenye maswali. Umeuliza shikamoo inafuata tumbo au mvi. Mimi sijui, na hata hao waliosoma mpaka macho yakaharibika hawajui, wanabishana mpaka leo. Lakini kanuni yako wewe naijua, umeiandika kwa mkono wako: mdogo ndiye anayemfuata mkubwa. Haya. Alhamisi umesimama mlangoni kwako, mbele ya shahidi, ukamwamkia. Katika barua hii hii unasema yeye ndiye mtu mzima kuliko wewe na alipaswa kuonyesha busara. Basi bibi, wewe ndiye mdogo. Mfuate mkubwa wako.

Na kama utanigeuzia kibao useme hapana, mimi ni mama na mama hazeeki mbele ya mwanawe, pia sawa, nakubali. Mama mwenye mtoto wa miaka sabini na mitatu, mjane, anayetembea kwa shida, amefika mlangoni mara tatu na mara tatu amerudishwa, mama huyo anafanya nini? Anakwenda kumwangalia mwanawe. Chagua mwenyewe unataka kuwa nani. Daraja ni hilo hilo.

Umesema kule watu wanazeeka haraka na hutaki makunyanzi ya bure. Hapo ndipo ulinikasirisha kweli, na naomba radhi kwa ukali wangu. Kila alipokuja ulimdai siku zake akiwa na mume, kazi na mtoto mchanga. Sasa unaombwa siku zako wewe, na wewe huna mtoto mchanga. Ukitoka nyumbani saa moja asubuhi, ukakaa kwake mwezi mzima, ukala naye, ukalala naye, mkanuniana hata na kupatana mkitaka, utarudi huku saa tatu usiku haijagonga. Wateja watakukosa siku moja tu. Utakuwa umezeeka mwezi mmoja, na mwezi huo utakuwa umeutumia vizuri kuliko hii tisa ya kununa.

Sasa fanya ninavyokwambia. Usianze kulifumua godoro kutafuta zile barua. Najua mkono umeshakuwasha. Kusoma barua zote hizo ni kutwa nzima, na kutwa nzima ya huku ni majuma mangapi kule, piga hesabu mwenyewe njiani. Mwenye barua yupo, atakusimulia. Usipike cha kupeleka. Usimtume mke wa mwanao akatangulie kuona hali, na usimtume mwanao, yeye mwache na nyundo yake. Usikae kutafuta maneno mazuri. Ukifika, mlango ukifunguliwa, usisubiri kuona nani atamwamkia nani. Sema, "Nimekuja kukaa," kisha ingia, na ukae.

Kama atakufungulia mlango na kukwambia amelala, kaa nje. Una haki hiyo, na yeye ana haki yake.

Jambo la mwisho. Barua yako imefika mezani kwangu leo Jumatatu, saa nne asubuhi. Tangu Alhamisi hadi leo, kule imeshapita zaidi ya nusu mwaka. Gazeti linatoka Jumamosi, na wewe umeniambia hata toleo la baadaye linatosha, huna haraka. Bibi, kila toleo la gazeti hili ni mwaka mmoja wa mwanao, na yeye ana sabini na tatu. Nimeingia kwa mhariri bila kubisha hodi, tumepigiana kelele, na tumekubaliana hivi: jibu hili nimeliandika kwa mkono, na gari la kusambaza magazeti linanileta mlangoni kwako mimi mwenyewe, nikiwa nalo, kabla ya saa tano. Dereva hatazima injini. Atatuvusha. Mimi nikishakufikisha nitarudi kazini, na wenzangu watakuwa hawajamaliza hata kikao cha asubuhi.

Jumamosi tutalichapa kwa faida ya wasomaji wengine walionuniana na watu wa ng'ambo, na barua zenu ninazo nyingi, najua mpo. Kwa hiyo bibi, kama unayasoma haya kwa mara ya kwanza hapa gazetini, maana yake nilikuja nikarudi peke yangu, na miezi mingine minane imeondoka. Chini ya jibu hili kuna barua ya bwana mmoja aliyegombana na mwenye nyumba wake kwa sababu ya jogoo. Ni barua tamu sana, nimeicheka mpaka machozi.

Usiisome. Nenda.